Fundi wa Mama Mkwe

Kivuko kiligonga gati asubuhi ya siku ya soko, saa ambayo hakuna mtu wa upande huu wala wa ng'ambo aliyekosa kushuhudia. Hakikuzama wala hakikupasuka. Kiligonga tu, kama mlevi anayegonga mlango wa nyumba yake mwenyewe, na abiria waliokuwa wamesimama tayari kushuka wakaangukiana. Tenga la nyanya likamwagika. Mayai ya mama mmoja yakaishia kwenye viatu vya watu. Fundi cherehani mmoja, mtu mzima aliyekuwa mbele kabisa kwa sababu hakupenda kusukumwa, alirushwa kwenye nguzo ya chuma, na mkono wake wa kulia ukavunjika juu kidogo ya kiwiko.

Jina rasmi la kivuko lilikuwa limefutika zamani kwa kutu na kwa rangi juu ya rangi, na hakuna aliyelihitaji. Mabaharia walikiita Mama Mkwe. Kilinung'unika tangu asubuhi mpaka jioni, kilitaka kuamkiwa kwa upole, na ole wako ujibizane nacho. Kiliwavusha wagonjwa, maharusi, walimu, mbuzi na maiti, na nauli ya mbuzi ilikuwa kubwa kuliko ya mwalimu, jambo ambalo walimu walilisema kila siku.

Watu walipokuwa bado wanainuana, mlango wa chuma wa chumba cha injini ulifunguka, akatokea fundi wa mitambo akijifuta mikono kwa kitambaa cheusi cha oili.

"Kuna nini?" akauliza.

Nahodha alishuka ngazi mbilimbili kutoka kwenye usukani. Alikuwa mwanamume mrefu, mwenye shati jeupe ambalo siku zote lilipigwa pasi, na siku hiyo lilikuwa limemlowa mgongoni.

"Kuna nini? Unaniuliza mimi kuna nini? Nimekupigia urudishe injini nyuma, shemeji! Nimevuta kengele mara tatu, nikavuta tena, mpaka waya umenikata kiganja!"

Fundi akamtazama usoni kwa makini, kama mtu anayesoma kibao cha dukani kwa mbali.

"Hukupiga," akasema. "Kengele haikulia."

Palikuwa na watu wengi wa kusikia maneno hayo. Mmoja wao alikuwa mkata tiketi, aliyekuwa ameacha dirisha lake wazi na kukimbilia gatini. Fundi alikuwa mume wake. Nahodha alikuwa kaka yake, wa tumbo moja.

*

Meneja wa kampuni alifika kabla nyanya hazijaokotwa zote. Alikuwa mtu wa haraka, aliyependa jambo lipate mwenyewe siku hiyohiyo. Akamwamuru baharia mmoja, waliyemwita Kamba kwa wembamba wake, apande kwenye usukani avute waya. Kengele ikalia vizuri huko chini, watu wote wakaisikia.

"Basi kengele ni nzima," meneja akasema. "Fundi, wakati wa kufunga gati, ililia au haikulia?"

"Haikulia."

"Una hakika?"

"Nilikuwa humohumo ndani, bwana. Ningekuwa wapi?"

Meneja akamgeukia nahodha. Hakuwa na haja ya kusema zaidi. Kengele nzima isiyolia ni kengele isiyopigwa. Nahodha akaambiwa avue kofia ya kazi, akae nyumbani bila mshahara mpaka mkaguzi wa vyombo vya majini afike na kikao kikae. Akaivua. Hakubishana. Alimtazama shemeji yake tu, kisha akamtazama dada yake, na dada yake ndiye aliyeshindwa kustahimili macho hayo. Akarudi dirishani kwake akaanza kupanga noti ambazo tayari zilikuwa zimepangwa.

Akaletwa nahodha wa kuazima kutoka kampuni nyingine. Huyo alikuwa mwoga wa gati kiasi kwamba alisimamisha kivuko mbali, mbao za kushukia zikawa hazifiki, na akina mama wakalazimika kupandisha nguo hadi magotini. "Heri tugongwe," mmoja akasema, "kuliko kuogeshwa kwa lazima."

*

Nyumbani kwa fundi kulikuwa na vyumba viwili, baraza, na ua mdogo wa nyuma. Katika chumba kimoja aliishi mama mzazi wa mkata tiketi na wa nahodha, bibi mwembamba ambaye ulimi wake haukujua uzee. Wenzake kazini walikuwa wakimtania fundi kwamba yeye peke yake duniani ana mama mkwe wawili, wa chuma na wa maneno, na kwamba wa chuma angalau huzimwa jioni.

Jioni ile chakula kiliwekwa, na bibi hakukigusa.

"Nimezaa mtoto mmoja wa kiume," akasema, akielekeza maneno ukutani. "Leo mji mzima unasema ni muongo. Na aliyemwita muongo ndiye huyu anayekula hapa, kwa mkono wake wa kulia, wala hakabwi."

Fundi aliendelea kula.

"Sikio la kufa halisikii dawa," bibi akasema.

"Sawa, mama," fundi akajibu kwa adabu, akamsogezea sahani.

Mkata tiketi alikuwa ameshika upawa. Alibaki ameushika. Hapo zamani mume wake na mama yake waligombana kila siku iliyokwenda kwa Mungu: chumvi imezidi, redio imezidi, nani kaacha ndoo njiani. Kisha ugomvi ule ukaisha wenyewe, polepole, bila ya suluhu. Yeye alishukuru, akadhani utu uzima umewafikia wote wawili. Sasa akamtazama mume wake akitafuna kwa utulivu, na shukrani ile ikaanza kumtia hofu.

Kesho yake ilikuwa zamu ya mapumziko ya fundi. Alikaa uani, mgongo ukiangalia mlango, akipiga tupa bawaba ya dirisha. Mke wake akasimama kizingitini.

"Fundi," akaita. Hata nyumbani alimwita hivyo.

Tupa ikaendelea. Akangoja mpaka mume wake alipoiweka chini kupuliza vumbi la chuma, kukawa kimya.

"Fundi, nyumba inaungua."

Hakugeuka.

Mkata tiketi akapiga hatua moja uani. Akasema kwa sauti ileile aliyotumia dirishani kila siku, sauti ya kupita vichwa vya watu: "Fundi, nimepata bwana mwingine. Ana gari. Naondoka naye leo jioni."

Fundi aliichukua tena tupa, akaiangalia bawaba juani, akaanza kuvumisha wimbo puani. Wimbo ulikuwa umepinda, hauna juu wala chini.

"We mtoto una wazimu?" Bibi alikuwa amejitokeza nyuma yake. "Maneno gani hayo mbele ya..." Hakuyamaliza. Akatazama mgongo wa mkwe wake, akamtazama binti yake, akatazama tena ule mgongo. Kisha akakaa chini palepale kwenye kizingiti, taratibu, akishikilia fremu ya mlango.

"Hasikii," mkata tiketi akasema.

"Hasikii," bibi akarudia. Baada ya muda akasema, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyeibiwa, "Mwaka mzima nimemsema mtu huyu. Nimesema mpaka nikachoka. Ananijibu sawa mama, sawa mama. Nikajua nimemshinda. Kumbe nilikuwa nasema peke yangu."

Mkata tiketi alitaka kucheka na alitaka kulia, akakosa vyote. Mambo mengine yakaanza kujipanga kichwani mwake bila kuitwa. Redio iliyokuwa ikifunguliwa mpaka jirani anagonga ukuta. Kiti chake, ambacho siku hizi lazima kielekee mlangoni. Namna alivyocheka vichekesho baada ya wengine kumaliza kucheka. Siku alipomuuliza, "Unataka chai au maji?" akamjibu, "Ndiyo."

"Mwambie," bibi akasema.

"Sitamwambia mimi."

"Kwa nini? Wewe si mke wake?"

"Ndiyo maana. Nikimwambia mimi atasema nimemtetea kaka yangu." Akajifunga kanga yake upya, kwa nguvu, kama mtu anayekwenda kubeba kitu. "Ataambiwa na kengele yake mwenyewe."

*

Mchana wa siku iliyofuata kivuko kilipumzika upande wa mji, injini ikiwa inanguruma polepole, maana Mama Mkwe akizimwa mchana hugoma kuwaka. Mkata tiketi alifunga dirisha lake. Watu waliokuwa foleni wakalalamika. "Ninyi mnavuka kila siku," akawaambia. "Ngojeni kidogo leo." Wakangoja, kwa sababu hakuwa mwanamke wa kufunga dirisha ovyo.

Alimkuta Kamba akikunja kamba. "Panda kwenye usukani," akamwambia. "Nikikupungia kitambaa kutoka kwenye kile kidirisha cha chini, vuta kengele mara tatu. Nikipunga tena, vuta tena. Usiulize."

"Sijauliza, dada," Kamba akasema, akapanda.

Miaka yote aliyouza tiketi za chombo kile hakuwahi kushuka chumba cha injini. Ngazi ilikuwa wima na moto. Chini, kelele hazikuwa kelele za kusikia kwa masikio. Zilimwingia kifuani, kwenye meno, kwenye mfupa wa mguu. Akafungua mdomo amwite mumewe, na hata yeye hakuisikia sauti yake. Ndipo alipoelewa kwa nini hakuna mtu kazini aliyemgundua. Humo ndani kila aliyeshuka alikuwa kiziwi. Walizungumza kwa vidole na kwa nyusi, na fundi alikuwa bingwa wa vidole na nyusi. Humo alikuwa mzima kuliko wote.

Fundi alipomwona, alishtuka kama mtu aliyemkuta mkewe msalani kwa wanaume. Akauliza kwa mkono: kuna nini? Mke akamwonyesha kengele. Ilikuwa ya shaba, pana kama sahani, imefungwa ukutani, na kando yake kinyundo kidogo kilichovutwa na waya kutoka juu. Fundi akatingisha kichwa kwa uchungu na kukata hewa kwa kiganja: haikulia, siku ile haikulia, nimewaambia.

Mkata tiketi akamshika mabega, akamgeuza, akamwelekeza kwenye ukuta wa pili. Akampa ishara asigeuke. Kisha akapunga kitambaa.

Kengele ikalia. Mlio wake ulikuwa mkali, wa kukata, ulipenya katikati ya ngurumo kama sindano katika turubai. Mara tatu. Mkata tiketi, ambaye hakuwa na mazoea, aliruka. Mume wake alibaki anatazama ukuta, akisubiri.

Akapunga tena. Mara tatu nyingine. Fundi alisubiri bado, mikono nyuma, mvumilivu, kama mtu aliyezoea kusubiriwa na ambaye leo amekubali kusubiri yeye. Ndipo mkewe akamgusa bega, akamgeuza.

Kinyundo kilikuwa bado kinatetemeka kando ya shaba.

Fundi alikitazama. Juu, Kamba, ambaye alidhani ameona kitambaa tena, akavuta mara nyingine, na safari hii fundi aliona kila kitu: kinyundo kikirudi nyuma, kikipiga, kikirudi, kikipiga, shaba ikitikisika. Akaliona tukio zima na hakusikia chochote. Alinyoosha mkono akaweka kiganja juu ya kengele, kwa wepesi, kama mtu anayempima mtoto homa. Kisha akaenda kwenye mashine akaizima, na yeye ndiye aliyejua kuliko wote kwamba huenda isiwake tena siku hiyo.

Kimya kilichofuata kilikuwa cha mkewe peke yake. Kwa fundi hapakuwa na tofauti.

"Tangu lini?" mkewe akauliza, akimkabili uso kwa uso.

"Sijui. Masikio yaliondoka kidogokidogo. Kama wageni wasioaga." Alizungumza kwa sauti ya juu mno bila kujua. "Nilianza kuikosa kengele mojamoja. Nikawa naitazama. Nikawa sitoi macho kwenye kile kinyundo tangu tunaacha gati mpaka tunafika gati. Siku ile bomba la mafuta lilivuja, nikainama kukaza nati. Niliinama kidogo tu."

"Kwa hiyo ulijua."

"Nilijua kidogo. Yaliyobaki nilikataa kuyajua."

"Kaka yangu yuko nyumbani."

"Najua."

"Wanamwita muongo. Watoto wake wanaambiwa hivyo mtaani."

"Kwangu mimi haikulia," fundi akasema. "Naapa, haikulia."

"Hilo ni lako. Lakini ulisema hakupiga. Mkono wa mtu mwingine umeusemea wewe."

Fundi akakaa juu ya ndoo ya oili iliyopinduliwa. Alikuwa na mikono mikubwa, iliyojaa makovu ya moto, na haikujua pa kukaa.

"Nikisema, nitakuwa nani? Nitakuwa fundi kiziwi. Nani anamtaka fundi kiziwi?"

"Sasa hivi wewe ni fundi kiziwi na mzushi," mkewe akasema, akitamka kila neno wazi ili asikose hata moja. "Ukisema, utabaki fundi kiziwi. Mimi nitaishi na fundi kiziwi. Huyo mwingine simjui, na sitaki mama yangu amjue."

Akapanda ngazi kwenda kufungua dirisha lake. Injini haikuwaka mpaka alasiri, na watu wote walimlaumu nahodha wa kuazima.

*

Jioni hiyohiyo fundi alikwenda kwa shemeji yake. Mke wa nahodha alimfungulia mlango, akamwona ni nani, akaurudisha mpaka ukabaki upenyo wa uso. "Umekuja kuona kama tumekula?" akamuuliza. Fundi hakulidaka swali, lakini uso alioulizwa nao aliusoma bila shida. Akabaki nje amesimama, majirani wakimpita na kumwamkia kwa sauti ya chini ambayo haikuwa na faida kwake, mpaka nahodha mwenyewe akatoka, fulana ya ndani, mikono ina povu. Alikuwa akifua shati lake jeupe.

"Ulipiga," fundi akasema. "Mimi ndiye sikusikia. Sisikii, shemeji. Nimekuharibia jina kwa sababu ya kulinda langu."

Nahodha alikung'uta povu.

"Siku za nyuma nilikuwa nikipiga, unachelewa," akasema hatimaye. "Nikasema moyoni, anazeeka. Sikukuuliza, kwa sababu uliwahi kuniuliza mimi kuhusu macho yangu na nilikasirika." Akaona kwamba mwenzake amepoteza maneno njiani, akarudia polepole. Fundi akaitikia kwa kichwa.

"Keshokutwa ni kikao," nahodha akasema. "Watasema wengi kwa pamoja. Kaa mkabala na mimi. Usiwatazame wao. Wakiuliza, nitakurudishia swali kwa mdomo, wewe ujibu."

"Baada ya niliyokufanyia?"

"Nimekasirika, shemeji. Nitakasirika muda mrefu tu, usiwe na wasiwasi. Lakini nikikuacha uonekane mjinga pale mbele, dada yangu atanipiga."

*

Kikao kilifanyika ofisini kwa meneja, chumba chenye feni iliyozunguka kwa kujivuta. Mkaguzi wa vyombo vya majini alikuwa mama wa makamo, mwenye miwani na sauti ndogo. Kulikuwa na karani wa kuandika. Mkata tiketi aliingia pia. Aliambiwa kwamba hakualikwa, akasema anajua, akakaa.

Fundi hakusubiri kuulizwa. Alisimama akasema: nahodha alipiga kengele, mimi sikuisikia, masikio yangu yamekufa, nilijua kidogo na sikusema. Akakaa. Yalikuwa maneno machache, na karani alikuwa bado anatafuta kalamu.

Meneja aliinuka kitini. "UNATAKA KUSEMA," akapiga kelele, akipanua mdomo kama anayezungumza na mtoto mchanga, "KWAMBA WEWE... HUSIKII?" Akagusa sikio lake mwenyewe kwa kidole, kufafanua. Karani akacheka, akajifanya anakohoa.

"Usinipigie kelele, bwana meneja," fundi akasema. "Kelele ndizo zilizonifikisha hapa. Sema taratibu, nikuone mdomo."

Karani hakukohoa tena.

Meneja alirudi kitini, uso umemwiva. Akasema kwamba mambo sasa ni mepesi: nahodha arudi kazini leo, na fundi afukuzwe leo, kwa kuficha ugonjwa na kuhatarisha watu. Nahodha aliyarudia maneno hayo yote kwa shemeji yake, mdomo wazi, bila kuongeza wala kupunguza, na ilipofika kwenye "afukuzwe" mdomo wake ulisita, lakini akalitamka.

"Ni haki," fundi akasema. "Mtu amevunjika mkono. Siombi kurudishwa kwenye ile kengele; nikirudishwa, mimi mwenyewe nitakataa. Lakini andikeni na mengine. Nilipoingia chumba kile mara ya kwanza nilikuwa nasikia hata mbu. Injini ile ilianza kuvuja moshi na kelele nikiwa kijana, nikaomba vifuniko vya masikio, nikaambiwa vimeagizwa. Nikaomba tena, vimeagizwa. Nikaacha kuomba. Masikio yangu sikuyapoteza ulevini, bwana. Yamo humo ndani ya mashine yenu. Mmeyatumia kuvusha watu."

Feni ilizunguka. Mkaguzi alivua miwani.

"Vifuniko hivyo," akamuuliza meneja kwa sauti yake ndogo, "vilifika?"

"Suala la vifuniko liko kwenye mchakato."

"Anayefanya kazi mle ndani leo anavyo?"

Meneja alitazama madirisha, kana kwamba vifuniko vingepita nje.

"Kwa hiyo ukimfukuza huyu," mkaguzi akasema, "unaleta mwingine, aje naye aharibike. Kisha tutakutana hapa tena, na safari hiyo labda si mkono." Akamgeukia fundi. Alikuwa ameshaelewa utaratibu. Akamtazama usoni na kusema polepole. "Umekosa, na umekosa sana. Ungesema mapema, yule mzee angekuwa anashona."

"Najua, mama."

"Kwenye mitambo ya chombo kinachotembea hutaingia tena."

"Najua."

Mwisho wa yote, baada ya maneno mengi ambayo nahodha alichoka kuyarudia, shauri lilikatwa hivi. Kampuni ibebe matibabu ya fundi cherehani. Taa nyekundu iwekwe kando ya kengele, iwake kila waya unapovutwa. Vifuniko vinunuliwe kabla kivuko hakijapewa kibali kipya. Fundi ahamishiwe karakana ya nchi kavu, kwenye kufungua na kufunga mitambo iliyozimwa, kwa cheo cha chini ya alichokuwa nacho. Meneja alisaini kana kwamba kalamu inamchoma.

Nje, mkata tiketi alimshika kaka yake mkono wa kulia na mumewe mkono wa kushoto, wakaenda hivyo hadi njia panda. Kisha mumewe akauliza, kwa sauti ambayo mtaa mzima uliisikia, "Nimesema vizuri?"

"Umesema vizuri," mkewe akamjibu. "Sasa punguza sauti."

*

Fundi cherehani aliishi ng'ambo, karibu na kivukoni, katika chumba kilichokuwa duka mbele na nyumba nyuma. Mkono ulikuwa umefungwa plasta hadi begani. Fundi wa mitambo alipokwenda kwake mara ya kwanza, akiwa na mkewe, alisema aliyopaswa kusema, na mzee yule hakumwambia nimekusamehe. Alionyesha kwa kidevu rundo la sare za shule zilizokatwa na kusubiri mshono.

"Plasta wanalipa wao," akasema. "Hizi nani atazishona? Shule zinafunguliwa. Nikiwarudishia wazazi nguo zao, mwakani watakwenda kwa mwingine."

Mkata tiketi alimrudishia mumewe maneno hayo kwa mdomo. Fundi alikitazama cherehani. Kilikuwa cha miguu, cha zamani, chuma cheusi kilichong'aa kwa kushikwa. Akauliza kama anaweza kukigusa. Akalegeza skrubu moja, akasikiliza kwa vidole, akaikaza nyingine, akatia tone la oili, akakanyaga. Kilikwenda kama maji.

"Kutengeneza si kushona," mzee akasema, lakini alisogea karibu.

Mshono wake wa kwanza ulipinda vibaya. Mzee akapiga kelele. Kelele zikapotea bure. Akapiga tena, akakumbuka, akakasirika kwa kukumbuka, akachukua chaki kwa mkono wa kushoto na kuchora mstari juu ya kitambaa: hapa, mpumbavu wewe, hapa. Fundi akaufuata mstari. Mtu aliyeishi akifuata alama za kazi kwa macho hakushindwa na mstari wa chaki. Sketi ya kwanza ikatoka, ikavutwa huku na huku, ikageuzwa, ikatupwa upande wa zilizokwisha.

"Mwambie aje keshokutwa," mzee akamwambia mkata tiketi. "Na anawe mikono hiyo. Mashati ni meupe."

Siku aliyopaswa kurudi, fundi alifika gatini alasiri, amenawa hadi kwenye viwiko, na shati safi. Alisimama kwenye foleni kama watu, nyuma ya mama mwenye kuku. Alipofika dirishani, mke wake alimtazama.

"Wafanyakazi hawakati tiketi," akamwambia.

"Leo mimi abiria."

Akamkatia. Watu waliokuwa nyuma wakauliza kama wangoje mapenzi yaishe kwanza au vipi.

Kwenye mbao za kupandia, miguu yake yenyewe ilipinda kuelekea mlango wa chuma. Akasimama mbele yake. Dada mmoja aliyehamishwa kutoka karakana, na ambaye sasa ndiye aliyeshika mitambo, alikuwa mlangoni akivaa vifuniko vipya vya masikio, vyekundu, vinavyomfanya aonekane kama rubani. Wakasalimiana kwa nyusi. Kisha fundi akageuka akapanda ngazi za juu, akishika reli kama mgeni.

Nahodha, shati jeupe limenyooka, alimwona kupitia kioo na kumwita kwa kichwa. Hawakuwa wamezungumza sana tangu kikao. Hasira aliyoahidi alikuwa anaitumikia kwa uaminifu. Lakini akamsogezea nafasi kando ya usukani.

Mama Mkwe akatoka gatini. Fundi alizijua hatua zote kwa nyayo: hapa anajivuta, hapa anageuka, hapa anapata mkondo. Hatua hizo alizipitia maisha yake yote ya kazi, humo chini, macho yakiwa kwenye geji na oili, na hakuwahi kuwa juu kuona zilikuwa zinakwenda wapi. Alishuka kabla ya kamba kufunguliwa na kupanda baada ya kamba kufungwa. Kwake, ng'ambo ilikuwa gati moja, na mji gati jingine, na katikati yake ukuta wa chuma.

Sasa akaona katikati. Maji yalikuwa mapana kupita alivyodhani, kijani mahali penye kina, na yamesimama meupe pale mkondo unapokutana na upepo. Ndege walikuwa wanasafiri na kivuko, chini chini, bila haraka. Mbele, ng'ambo haikuja yote kwa pamoja. Yalianza mapaa, zikaja kuta, kisha watu, kisha rangi za nguo za watu.

Alimgusa shemeji yake begani. "Siku zote iko hivi?"

Nahodha alimgeukia kikamilifu, uso wote, ili asipoteze neno.

"Asubuhi huwa nzuri zaidi," akasema. "Utaona siku ukija mapema."